Bakuli la Barafu na Maombi Mafupi

Nimeongoza maombi ya akina mama kanisani kwa miaka mingi, na pale mtaani kwetu Woodley sifa yangu inajulikana: nikifumba macho, aliye na uji motoni huenda kuuepua. Sijawahi kuona aibu. Mungu ana nafasi.

Kwa hiyo binti yangu aliponiambia, wakwe zake watarajiwa walipokuwa karibu kututembelea kutoka Kitisuru, mtaa wa matajiri, "Mama, siku hiyo uombe kifupi," nilidhani anawaogopa wageni. Kumbe aliogopa joto.

Alikuwa ameona kwenye simu bakuli la kuandalia matunda, lililotengenezwa kwa barafu tupu, maua yakionekana ndani yake. Aliamini kwamba mama wa mchumba wake, aliyezoea meza za watu wakubwa, akikuta bakuli kama hilo kwetu hatatuhurumia. Hicho ndicho alichokiogopa hasa, kuhurumiwa. Sikubishana naye.

Tulinunua waridi na nanaa sokoni Ngara, rozmari tukakata uani. Tuliweka bakuli dogo ndani ya kubwa, tukapanga maua na majani katikati, tukamimina maji yaliyochemshwa yakapoa. Bakuli dogo likawa linaelea, likahitaji kitu cha kulikandamiza. Binti akanyoosha mkono kwenye Biblia yangu. Nikampa pakiti ya sukari. Nyama ya wageni tuliihamishia kwa jirani ili friji ipate nafasi ya kugandisha maji. Nilimshukuru Mungu kwa kuniacha nizeeke mpaka nione hayo.

Lilitoka zuri, lazima niseme. Maua yalikaa ndani ya barafu kama yaliyochumwa asubuhi hiyo.

Wageni walichelewa, kama wageni wa heshima wanavyochelewa, kisha wakajitambulisha mmoja mmoja. Binti alilificha bakuli kwenye friji mpaka watu wakaketi mezani, ndipo akalileta limejaa papai na tikiti. Nikaomba. "Baba, tunakushukuru kwa chakula na kwa wageni. Amina."

Hakuna aliyefumbua macho. Watu wangu walikuwa wakisubiri sehemu iliyobaki. Mama wa kijana, labda akidhani nimezidiwa na furaha, akanipokea ile sala kwa upole. Alianzia kwenye uumbaji.

Nilifundishwa subira tangu darasa la ubatizo, lakini siku hiyo niliomba jicho moja likiwa wazi. Alipofika kwa Ibrahimu, ukingo wa bakuli ulikuwa umekonda. Alipoombea wajukuu ambao hawajazaliwa, upande mmoja uliachia, na maji yakatiririka juu ya kitambaa cha meza, yamebeba ua moja, hadi mapajani mwake. Akasema Amina papo hapo.

Binti yangu aliinamisha kichwa. Mama yule akaliokota lile ua, akalitazama, kisha akanitazama mimi.

"Kumbe ndiyo maana ulikatisha, mama?"

Nikakubali. Alicheka mpaka akajifuta machozi, halafu akamgeukia binti yangu. "Ukija kwangu, kuombea chakula ni kazi yako. Sisi wazee tuachie matunda."

Ameolewa sasa, na huko Kitisuru kweli ndiye huombea chakula. Humaliza kabla sijafumba macho vizuri, na mama mkwe wake huitikia Amina huku mkono umeshashika kijiko. Mimi huongezea yangu moyoni, kwa kirefu, nikishukuru pia kwamba matunda yao huja kwenye bakuli la udongo.