Mkalimani Aliyesema "Mimi"

Miaka ile ya vita, kortini Mombasa kulikuwa na mkalimani wa kanzu na koti jeusi. Hakuwa kama hawa wa sasa, wa "anasema hivi, anasema vile". Yeye alijikohoza, akaikunja leso yake taratibu, kisha akayasema maneno ya mtu kama ni yake: "mimi niliiba", "mimi sikuiba", kwa sauti ile ile, imetulia kama maji mtungini.

Siku ya kesi ya shangazi yangu Barke, aliyekuwa akidai shamba lake la Timbwani, wakili wetu hakutokea. Hakimu, Mzungu, akataka kuitupa kesi. Shangazi akasimama. "Bwana Hakimu, mimi nimevuka feri tangu alfajiri. Asiyekuja ni wakili. Mbona shamba nilikose mimi?" Mkalimani akajikohoza, leso akaisahau. Kizungu sikukijua, lakini sauti yake ilitetemeka, na Hakimu akaweka kalamu chini. Shangazi akapewa siku nyingine ya kusikizwa.

Nje shangazi akamwambia mkalimani, "Ahsante, mwanangu." Yule bwana akajipangusa jasho. "Nimeponea chupuchupu, mama. Wallahi, shamba langu lilikuwa linakwenda hivi hivi."