Nusu Yangu ya Salamu Maria

Kwa miaka mingi, kila jioni baada ya kula, mke wangu alikaa jikoni kwetu Evere, huku ughaibuni, na rozari mkononi. Kule Kivu tulikotoka rozari ilisaliwa kwa kupokezana: mmoja anaanza Salamu Maria, wengine wanaitikia Maria Mtakatifu. Yeye alikuwa akianza, ananyamaza kidogo kuningojea, kisha anaitikia mwenyewe. Mimi nilikuwa sebuleni mbele ya televisheni.

"Alors, haya, Papa," aliniita, maana tuliitana Papa na Maman, "leo tena Mungu angojee habari ziishe?"

"Nimechoka, Maman. Kesho."

Sikuwa nimechoka kiasi hicho. Nilikuwa mvivu, na nilijua atasali kwa ajili yetu sote wawili.

Sasa anaishi katika nyumba ya wazee, na maneno mengi yamempotea. Kila alasiri naenda kwake kwa basi. Wiki iliyopita nilibeba rozari yake, nikaketi karibu naye, nikaanza: "Salamu Maria..." Hakuitikia. Nikarudia kwa sauti zaidi. Aliniangalia kama mgeni, nami nikaogopa kwamba nimechelewa.

Kisha nikakumbuka kwamba nyumbani kwetu mwenye kuanza alikuwa yeye siku zote. Nikamwekea rozari kiganjani, nikanyamaza. Vidole vyake vikatafuta punje ya kwanza. Akaanza polepole, bila kukosea, akafika pale pa kuningojea, akangoja.

Nikaitikia mbiombio.

"Polepole, Papa," akasema. "Habari zitangoja."