Mchonga Fimbo Aliyeingia Uwanjani Kilvarna

Saa kumi kasorobo alasiri, zimebaki dakika mbili mechi ya mpira wa fimbo iishe, na Malachy Tuohey anakimbia kando ya uwanja na miaka yake sitini na minane, fimbo nne kwapani.

Kilvarna wako nyuma kwa pointi mbili. Wakishindwa leo wanashuka daraja, na kamati imeshapiga kura: parokia iliyobakiwa na wachezaji kumi na saba itaunganishwa na jirani zao Moyreel, hao hao wanaowafunga. Jina lililodumu tangu mwaka 1887 litafutwa.

"Malachy, umetuuza!" anafoka Bríd Kilgannon, mjane asiyekosa mechi, mvua au jua.

Ana sababu. Alhamisi, Cathal Mulryan, mshambuliaji wa Moyreel, alileta fimbo iliyopasuka. Malachy ndiye mchongaji pekee wa parokia zote mbili. Aliigundisha, akaifunga ukanda wa bati. Leo fimbo hiyo imepiga mabao mawili, kila bao pointi tatu.

"Ungeifunga na uzi wa kushonea, mzee!"

"Bríd, kazi mbovu sijafundishwa."

Kweli hakufundishwa. Baba yake alichonga fimbo za ubingwa wa 1934. Mwaka 1957 vijana tisa walihamia Boston kwa mkupuo, klabu ikachezesha wanaume wenye vitambi, na karakana yao ya fimbo haikufungwa hata siku moja. Fimbo hukatwa pale shina la mti linapopinda kuwa mzizi. Moja humchukua nusu siku, naye huiuza yuro arobaini.

Ghafla, kraa! Fimbo ya Donncha Hession wa Kilvarna imekatika vipande viwili.

"Malachy! Fimbo!"

Mzee anaingia uwanjani mbio, kofia inaanguka, haiangalii. Anachagua ya tatu.

"Hii nzito kidogo, mwanangu. Piga chini!"

Mpira unashuka katikati ya msitu wa fimbo. Donncha anauchapa ungali hewani, unapita miguuni mwa kipa, wavu unatikisika. Bao! Kilvarna wanaongoza kwa pointi moja, na filimbi ya mwisho haisikiki kwa kelele.

Bríd ameruka uzio. Anamkumbatia Malachy hadi miwani inapinda.

"Nimekusamehe! Lakini yule Cathal akirudi, mwambie uko likizo."

"Atarudi, na nitamtengenezea. Tungewafunga wakiwa na fimbo mbovu, ningelalaje?"

Kinachomsumbua sasa ni miti ya kuchongea fimbo. Ugonjwa unaiua katika wilaya nzima, na mbao nyingi ananunua kutoka nje ya nchi. Ameagiza miche themanini inayosemekana kuvumilia ugonjwa huo. Ataipanda mwezi ujao nyuma ya goli la mashariki. Itafaa kukatwa baada ya miaka thelathini.

"Utakuwa na miaka tisini na minane," Donncha anamkumbusha, jasho likimtiririka.

"Sijasema nitaikata mimi," anajibu Malachy, akiupangusa uso kwa mkono wa shati. "Asubuhi nilikuwa sijui nampandia nani. Sasa najua: nawapandia Kilvarna."