Mstari Mweusi wa Baba

Baba alichimba vito kwenye tambarare, chini ya milima ya Wusi. Alikuwa akifuata mstari mweusi ndani ya mwamba, kwa sababu mawe ya kijani hukaa kando yake. Weusi ule ni grafaiti, kama ile ya ndani ya penseli, na mikono yake haikutakata hata kwa sabuni ya unga.

Siku moja aliniletea kipande cha mwamba ule. Mimi ni mwalimu wa jiografia Voi, nikaona nafasi ya kumwonyesha nilichosomea. Nikamwambia zamani kilikuwa tope. Kilizikwa chini sana, kikabanwa na kuchomwa na joto, hadi chembe zake bapa zikageuka, zikalala zote upande mmoja. Weusi ukajitenga na weupe.

Akacheka. "Kumbe jiwe nalo limeteseka, mwanangu."

Nilifurahi kumfundisha baba yangu. Nikaishia hapo.

Mwezi uliofuata paa la shimo lilimwangukia, bamba zima la mwamba, laini upande wa chini. Matangani watu walisema ni kazi ya Mungu. Niliwachukia wote. Waliomwosha walishindwa kuutoa weusi kwenye kucha zake, tukamzika nao.

Jana nilikiweka kile kipande kwenye sakafu ya jikoni, nikakigonga kwa mchi, wala si kwa nguvu. Kikafunguka palepale kwenye mstari mweusi. Mwamba wa namna hiyo hupasukia kwenye matabaka yake. Wanafunzi wangu wa kidato cha pili wanalijua hilo. Baba sikumwambia.