Sarufi ya Wapagazi Kitandani kwa Shangazi

Mimi ni mtu wa ndani. Kutoka kwangu Mtendeni hadi sokoni nahesabu safari, nikirudi nataka pole. Basi miaka sita sikufika Kigwa kwa shangazi yangu, aliyenilea tangu mama alipofariki hadi nilipoanza shule. Kila mwaka nilikuwa na sababu safi, iliyopigwa pasi.

Mwaka jana binamu yangu, bintiye, akanipigia simu. Mama yake kapata kiharusi, Kiswahili chote kimemtoka, kimebaki Kinyamwezi. Changu mimi nilikitupa darasa la kwanza, tulipokuwa tukichekwa. Nilitaka kumwomba msamaha kwa lugha atakayoisikia, na kuwauliza majirani niliona haya, mtu mzima na mvi zangu. Nikaenda duka la stesheneri, wakanitolea mtandaoni kopi ya sarufi ya Kinyamwezi, kazi ya mmisionari mmoja, iliyochapwa Ulaya enzi za misafara, maelezo yake kwa Kiingereza. Kiingereza changu cha kidato cha nne hatimaye kikapata ajira.

Kazi nzuri, sikatai. Lakini mifano yake sasa! Twika mzigo. Lete maji ya kunawa. Wapagazi wawili wametoroka. Inuka, twende. Hakuna hata ukurasa mmoja ambao mtu anamwomba mwenzake radhi. Bwana yule alivuka nchi nzima na hakuwahi kukosea. Nikakariri hivyo hivyo, nikidhani msamaha uko mbele. Kitabu kikaisha.

Binamu alinipokea kwa utani wetu: bwana mkubwa kafika, tutwishwe nini leo. Ndani, shangazi alikuwa amelala ubavu, mdogo kuliko nilivyomwacha. Nikafungua kinywa, na kilichotoka ndicho nilichokikariri: inuka, twende.

Akatii. Alijikokota kwa kiwiko, mkono ule mzima ukitafuta ukingo wa kitanda, mpaka binamu akamrudisha kwenye mto.

Nikamnong'oneza binamu anipe neno la kuomba msamaha.

"Hilo alikufundisha yeye, hujaota hata meno," akasema. "Mimi sikufundishi."

Nikasema kwa Kiswahili basi, kirefu, pamoja na sababu zangu zote sita. Shangazi alinitazama kwa adabu, kama anavyotazamwa mgeni, kisha akamwambia binti yake kitu.

Binamu hakutania tena.

"Anauliza unampeleka wapi."