Maji Yaliyokosa Jina

"Mama Moussa, usipeleke mihogo yako kule chini," Rachida alimwambia, akipepeta mchele mbele ya mlango wake. "Ule Consolée iko anaongea na mwamba. Na mwamba unamujibu."

Hidaya alimpandisha mwanawe Moussa vizuri mgongoni, akakaza kikwembe. "Unamujibu kwa Kiswahili ao kwa Kibangubangu?"

"Cheka tu! Wale watu wa Lubumbashi waliokuja kupima mawe hawakupigilia msumari kwenye jiwe. Walipigilia mutu. Tangu siku ile maji yanaita."

Lakini kiangazi kilikuwa kimekausha shimo la karibu la kulowekea, na mihogo iliyokwisha menywa haingoji hofu ya mtu. Hidaya alizaliwa Kasongo mjini, akaletwa na ndoa kwenye kijiji hiki cha barabara ya Kabambare, na mambo mengi ya hapa yalikuwa bado hayajamfikia. Akajitwika beseni, akashuka.

Kijito kilipita chini ya ukuta wa mawe, mstari juu ya mstari, mwekundu, kijivu, mwekundu tena, kama vikwembe vilivyokunjwa sandukuni. Jua lilikuwa utosini. Hakuna ndege aliyelia. Consolée alikuwa amepiga magoti, sikio lake likiwa limegandamizwa kwenye jiwe, na karibu na shavu lake kiling'aa kichwa cha msumari wa shaba.

"Hodi, mama," Hidaya alisema polepole. Hakutaja jina, maana jambo hilo alifundishwa siku ya kwanza alipofika: kwenye maji watu hawaitani majina. Unapiga mluzi, ao unasema "wee mwenzangu". Jina likianguka majini, maji hulishika.

"Karibu, mwanangu. Loweka pale kwenye kivuli. Maji hayaumi."

Alikuwa mama mnene, mpole, mikono yake myekundu kwa mawese aliyoyakamua miaka yote. Alimsaidia Hidaya kupanga mihogo, akaiwekea mawe juu isielee. Kisha akamtazama mtoto.

"Wanakuita Mama Moussa."

"Ndiyo, mama."

"Ni vizuri. Mimi pia niliitwa hivyo, kwa jina la mutoto. Sasa naitwa Consolée, kama binti asiyeolewa."

Hidaya aligundua kwamba kweli, mwanamke wa umri ule, aliyezaa, hakuna kijijini aliyemwita kwa jina la mtoto wake.

Yule mama akakaa juu ya jiwe, akaeleza bila kulia, kama mtu anayesimulia njia ya shambani. Mwaka wa vita binti yake alishuka hapa kutoa mihogo iliyokwisha lainika. Risasi zikalia upande wa barabara, watu wakakimbilia porini. Waliporudi, beseni lilikuwa hapa, limejaa, limepangwa vizuri. Mtoto hakuwepo. Hakupatikana nguo wala mfupa. Wazee wakasema aliyepotea bila kaburi asitajwe tena, maana ukimtaja unamgeuza njiani, na hajui arudi wapi. Basi kijiji kizima kikafunga mdomo. Jina la mama nalo likafungwa pamoja na la mtoto.

"Kisha wakaja hao wa msumari," Hidaya alisema.

"Wakaja. Nikawapikia bugali na sombe ya majani ya mihogo. Mkubwa wao, Antoine, alipenda kuongea akila. Alisema udongo wa dunia umelala tabaka juu ya tabaka, na kila tabaka ni zama zake. Ili zama zijulikane, wanatafuta mahali pamoja, mstari mmoja kwenye jiwe, ambapo kadudu fulani kanaonekana mara ya kwanza. Chini ya mstari hakapo. Juu yake kapo." Akagusa mwamba chini ya msumari, kisha juu yake. Hapo juu kulikuwa na viganda vidogo kama ufuta. "Hapo ndipo wanapigilia. Nikamuuliza: na mwisho wa hizo zama, mnapigilia wapi? Akasema, mama, mwisho hatuupigilii. Mwanzo tu. Zinaishia pale nyingine zinapoanza."

Upepo haukuwepo, lakini maji yalitetemeka kidogo.

"Hayo yalinishika, mwanangu. Wangu ana mwanzo. Mwisho wake sijauona. Nilidhani niko peke yangu duniani na kitu cha namna hiyo."

Moussa alikuwa ameanza kucheka mgongoni. Hidaya aligeuza shingo. Mtoto hakumtazama mama yake wala Consolée. Alitazama mwamba, juu kidogo ya maji, macho yakifuata kitu kilichopita taratibu kutoka kushoto kwenda kulia.

"Zama hupewa jina la mahali," Consolée aliendelea. "Mto, kilima, kijiji. Antoine akaniuliza, maji haya yanaitwaje? Na sisi tunayaita 'kule chini' tu, hayana jina. Mdomo wangu ukafunguka wenyewe. Nikasema, Feza."

Ndivyo jina la mtoto lilivyotoka, hapo hapo juu ya maji. Hidaya alishusha macho. Mahali pakavu pa jiwe, chini ya msumari, palikuwa na unyayo wa maji. Mdogo, wa mtoto wa miaka kumi hivi, vidole vikielekea kwao. Miguu ya Consolée ilikuwa mipana, yenye nyufa. Yake mwenyewe ilikuwa ndani ya kandambili.

"Unauona," Consolée alisema. Hakuwa anauliza. "Unakuja tangu siku walipolirudia jina lile, Antoine na wenzake. Unakauka, unarudi. Hauendi mbele. Hajui anaitwa na nani."

Kutoka barabarani, mbali, pikipiki ilisikika ikipanda mlima.

"Ni yeye, Antoine. Wakubwa wao watapiga kura, kama msumari ubaki hapa ao uende nchi nyingine. Lakini kwanza lazima aulize wenyeji kama jina ni la maji kweli. Jina la mutu haliruhusiwi. Akisikia ni la mutu, atalifuta, ataandika kilima cha ng'ambo. Feza wangu atakuwa ameitwa kisha ameachwa tena, hapa mlangoni."

"Mama, mimi siwezi kumudanganya mutu wa watu."

"Sikuombi uongo." Consolée alimshika mkono, na mkono wake ulikuwa baridi kama uliotoka majini. "Wote hapa walimujua, wakilitaja jina lake watamwona yeye. Mimi nikimwita, atasikia anaitwa nyumbani, na nyumba ile iliungua vitani. Lakini wewe hukumuona hata siku moja. Akikuuliza, mdomoni mwako litakuwa jina la maji tu, na mutoto wako atakua akilijua hivyo."

Pikipiki ilizimika kule juu. Unyayo wa pili ulikuwa umetokea kando ya ule wa kwanza.

"Lete sauti yako, mwanangu, kabla hajashuka. Yaite maji haya Feza."