Ana Mdomo

Niliteremsha koneti, tarumbeta yangu fupi, nikaibana kwapani, nikafunga mdomo. Hivyo tu. Sikutukana mtu, sikurusha kitu. Mbele yangu ngoma kubwa iliendelea, matarumbeta ya besi yakaendelea na pum-pum yao ya kusindikiza. Kule mbele kabisa, kwenye nyasi zilizofyekwa jana yake, sajenti mmoja mrefu alisimama peke yake mbele ya wageni. Koneti iko mdomoni, mashavu yamejaa kama mwenye jipu la jino, vidole vinacheza juu ya vibonyezo. Sauti hakuna.

Solo hiyo, kipande cha mpigaji mmoja, ni ya pumzi nne. Sisi wa bendi hatuhesabu kwa dakika, tunahesabu kwa pumzi. Ya kwanza ikapita, wageni wakadhani ndio mtindo. Ya pili, mama wa kuruti mmoja, kavaa gomesi ya kijani, akauliza kwa sauti ya sokoni, "Banange, jamani, imezimika?" Watu wakacheka. Ya tatu, sajenti akaamua kupuliza kweli. Ikatoka pfff, kama tairi la boda. Ya nne sikumtazama tena yeye, nilimtazama bendimasta wetu. Fimbo yake ilikuwa hewani, haijui iende wapi. Aligeuka polepole akanitafuta nyuma ya ngoma kubwa, nami nikamwangalia macho kwa macho mpaka akageuza shingo.

Nilisikia raha. Sitadanganya hapa niandike kwamba nilisikitika. Kwa mwaka mzima na zaidi, kila sauti iliyodhaniwa ni ya mwanamume yule ilikuwa inatoka kwangu, nyuma.

Nianze mwanzo, maana wengi wananiuliza ilikuwaje.

Mimi ni mtoto wa kambi. Baba alikuwa askari kutoka kaskazini, na nyumbani tuliongea Kiswahili kwa sababu ukuta wa kulia walikuwa watu wa lugha nyingine na ukuta wa kushoto lugha nyingine tena. Nilimaliza Senior Four nikaenda ukuruti, sitasema wa kikosi gani. Siku ya kuchagua watu wa bendi alikuja mzee mmoja, sajenti, mwalimu wa shaba, yaani vyombo vya kupuliza. Hakuuliza vyeti. Alitupanga mstari, akasema tubane midomo tuitetemeshe kama nzi aliyefungiwa kwenye chupa. Alipofika kwangu alisimama.

"Tena," akasema.

Nikafanya tena.

"Binti yangu, wewe ulikuwa wapi?"

Kiingereza cha mzee kilikuwa cha amri za gwaride tu. Alichotaka kuandika, aliandika kwa Kiswahili. Na alikuwa na neno moja alilolipenda kuliko yote, nalo ni mdomo. Kwa watu wa shaba, mdomo si tundu la kulia ugali. Ni namna misuli ya midomo inavyoshika pumzi, inavyobana, inavyokataa kuachia noti ya juu ianguke. "Mikono ni ya kubeba," alikuwa akituambia. "Mapafu hata mbuzi anayo. Mpigaji ni mdomo." Akikuambia una mdomo, usiku huo unalala umeshiba bila kula. Bila shaka ukitoka nje ya geti maana inageuka. Mwanamke mwenye mdomo ni yule anayetukana majirani pale bombani. Sisi tulikuwa tunacheka nalo neno hilo. Mpiga ngoma alikuwa ananiita, "Wewe mwenye midomo miwili!"

Mwisho wa mafunzo mzee aliandika mstari mmoja kwenye kitabu changu: Huyu ana mdomo kuliko wanaume wote hapa. Akatia sahihi. Ule mstari ndio uliokuja kunichoma, lakini sijafika huko.

Nilipewa kiti cha solo. Nilipiga kwenye harusi za wakubwa, nilipiga kwenye makaburi, pale ambapo huruhusiwi kukosea kwa sababu mjane amesimama hatua tatu kutoka kwako. Koneti yangu ilikuwa kuukuu. Ilipobonyea, stoo walisema ningoje, nikaipeleka Kisenyi kwa fundi anayenyoosha bodi za magari. Aliigeuzageuza akasema, "Dada, hii gari yako ndogo haina injini." Lakini aliinyoosha vizuri, na kovu lake bado liko pale kwenye kona. Nilikuwa ninaijua koneti ile kama mama anavyoujua upele wa mwanawe.

Nikapata mimba, nikazaa mapacha. Baganda wa kambini wakaanza kuniita Nnalongo, jina la heshima kwa mama wa mapacha. Likizo ilipoisha nilirudi na mdomo dhaifu, kweli. Mdomo usipopulizwa unakufa, kama mguu uliofungwa plasta. Nikaufufua. Kila siku nilisimama nikitazama ukuta wa jiko, watoto mkekani nyuma yangu, noti moja ndefu, halafu nyingine. Baba yao yuko mpakani, anakuja akipewa ruhusa. Ukuta ule ndio ulionisikia.

Halafu ikaja ile harusi. Nilikuwa mbele, katikati ya solo, sare nyeupe. Mtoto mchanga wa mgeni mmoja akalia. Aliyewahi kunyonyesha anajua. Hukuambiwa, hukuombwa, maziwa yanashuka. Yalishuka yakapita kila kitu, madoa mawili kifuani yakakua kama bakuli. Niliyahisi. Sikuacha noti hata moja. Nilimaliza pumzi zote nne, nikapiga saluti.

Bendimasta aliniita kesho yake ofisini. Huyu ni mtu wa bendi tangu ujana wake, si mgeni wa shaba, mkumbuke hilo.

"Nnalongo, umetuaibisha."

"Nimekosea wapi, Afande?"

"Hukukosea kupiga. Ila wageni hawakuja kuona ng'ombe."

Kalamu yake ilikuwa inagongagonga meza. Akasema atapanga utaratibu, wa muda tu, mpaka nimalize kunyonyesha. Yule mrefu wa gwaride, wakati huo bado koplo, mwenye sura ya kuwekwa kwenye bango, atasimama mbele. Mimi nitasimama nyuma ya ngoma kubwa, nipige. Koplo hupiga koneti ya pili, anajiweza kwenye kundi, lakini noti ya juu haijui hata kwa kuiota. Ili asitoe sauti ya bahati mbaya akaniharibia, aliambiwa azibe koneti yake kwa pamba.

Nilikubali. Andikeni hivyo, nilikubali. Nyumba ya kambi inakwenda na kazi, na nilikuwa na watoto wawili kifuani. Nilidhani "wa muda" ni neno lenye mwisho.

Watoto walitambaa, wakasimama. Wakaacha ziwa. Mimi bado niko nyuma ya ngoma. Koplo alipandishwa akawa sajenti kwa ajili ya "kuinua jina la bendi". Alihojiwa kwenye televisheni, akaulizwa siri yake. "Ni nidhamu ya mazoezi," akasema, tena kwa sauti nzito. Jirani alileta simu nyumbani tuone. Binti yangu alisikia ile koneti akaanza kucheza, anatikisa makalio yake madogo mbele ya picha ya mwanamume yule, anapiga makofi, "Mjomba! Mjomba anapiga!" Ni sauti aliyoisikia tumboni. Nikatoka nje nikafua nguo ambazo zilikuwa safi.

Sasa asubuhi ya gwaride. Niliuliza bendimasta, kwa adabu, lini narudi mbele, kwa kuwa watoto wanakula matooke kama watu wazima. Akajibu bila kuniangalia kwamba kiti cha solo kimeshaandikwa jina la sajenti, barua imekwenda juu, na mimi nitabaki "msaada". Nilipokuwa bado nalimeza hilo, sajenti mwenyewe akaja, anapaka mafuta midomo yake isiyo na kazi.

"Nnalongo, leo pumzi ya tatu usiivute sana. Natoka jasho nikishikilia mashavu."

"Mashavu yanauma?"

"Wee! Hii kazi ni ngumu, dada."

Hii kazi ni ngumu, dada. Basi nikaamua aifanye.

Baada ya gwaride mpiga ngoma alimwona sajenti anachokonoa koneti nyuma ya lori. Pamba ikaanguka kwenye nyasi. Mpiga ngoma akaiokota, akaniletea ndani ya kitambaa kama mtu aliyeokota jino. "Weka," akasema. "Itasema siku moja."

Wiki hiyohiyo nikasimamishwa mbele ya kamati ya nidhamu. Maofisa wawili ambao hawajawahi kupuliza hata filimbi, na bendimasta kama mlalamikaji. Nikaeleza yote. Ofisa mmoja akauliza, "Unasema huyu sajenti hapigi? Mbona tumemsikia?" Bendimasta akacheka kidogo, akafungua kitabu changu cha mafunzo.

"Waheshimiwa, huyu mama tabia yake ni ya zamani. Someni alichoandika mwalimu wake wa kwanza."

Ofisa akasoma kwa sauti: "Huyu ana mdomo kuliko wanaume wote hapa."

Wakatingisha vichwa. Mwenzake akasema, "Kumbe tangu ukuruti!"

Mimi nikacheka. Sikuweza kujizuia. Wakaandika kwamba nimecheka. Nikasema, "Afande, hiyo ni sifa, kwenye bendi mdomo maana yake..." Wakaniambia ninathibitisha kilichoandikwa. Kila nilipofungua mdomo kueleza mdomo, nilikuwa na mdomo. Hao wawili siwalaumu sana, ni ujinga, na ujinga una dawa. Lakini yule wa tatu! Mtu ambaye kila Jumatatu anapita mstarini akisema "wewe huna mdomo, wewe una mdomo," alikaa pale akitazama dari. Alijua. Kitu hicho sitamsamehe, na sijaombwa.

Hukumu ilikuwa fupi. Koneti irudi stoo, mimi nipelekwe ulinzi wa getini, sina ruhusa ya kugusa chombo mpaka itakapoamuliwa vingine. Getini miezi sita na mdomo wangu umekwisha. Hawakunifukuza kazi, walitaka unikauke usoni huku nikikagua mifuko ya watu.

Nilimtafuta mzee mwalimu. Alistaafu zamani, anauza mkaa Kawempe. Meno ya mbele yameondoka, hawezi tena kupiga hata mluzi. Nilipomsimulia alicheka mpaka akakohoa, halafu akaacha ghafla.

"Mwanangu, kosa ni langu. Nilisahau kuandika kwa wasio na mdomo."

"Uniandikie sasa, mzee."

"Naandika. Tena na yeye nilimfundisha mimi, huyo bendimasta wako. Unajua niliandika nini kwenye kitabu chake?"

"Nini?"

"Mdomo wastani."

Nilirudi na maelezo yake, sahihi ileile ya zamani. Nikaandika malalamiko yangu kwa mkono, nikayapeleka ofisi ya juu inayopokea mashtaka ya askari. Karani, dada wa Kiganda mwenye miwani, akayapima kwa macho.

"Nyabo, balua yako ni lefu. Na mbona Kiswahili? Wakubwa wanataka Kiingereza."

"Kosa limefanyika kwa Kiswahili, dada."

Akaitazama ile bahasha ndogo niliyoibana juu kwa pini, akaibonyeza. "Na hii laini laini?"

"Soma mwisho."

Akasoma mwisho, akashika mdomo wake kwa kiganja, mabega yakamtetemeka. Kisha akagonga muhuri, nakala yangu na yao. Naandika hapa kama ilivyo, ila majina na namba nimeviacha.

KUHUSU: BENDIMASTA KUGEUZA MAANA YA NENO AKIJUA, NA SAUTI YANGU KUPEWA MTU MWINGINE

Mheshimiwa,

Mimi ni askari wa bendi, mpigaji wa koneti. Nalalamika dhidi ya bendimasta wangu. Tangu niliporudi kutoka uzazi, aliniweka nyuma ya ngoma kubwa nipige solo, na akamweka mbele sajenti ajifanye anapiga. Kwa sauti hiyo sajenti alipata cheo na kiti changu.

Siku ya gwaride sikukataa amri. Katika orodha ya siku hiyo mpigaji wa solo ameandikwa sajenti, si mimi. Kama kulikuwa na kimya, aulizwe aliyeandikwa.

Mbele ya kamati, bendimasta alitumia maneno "ana mdomo" kama ushahidi kwamba nina matusi. Anajua maana yake katika bendi, alifundishwa na mwalimu huyohuyo. Kwa hiyo aliidanganya kamati. Naomba ashtakiwe kwa hilo, na naomba kitabu chake cha mafunzo nacho kisomwe kwa sauti, kama changu kilivyosomwa.

Naomba nirudishiwe koneti yangu, ile yenye kovu la kunyooshwa kwenye kona, kabla mdomo haujafa. Naomba mimi na sajenti tuwekwe chumba kimoja, kila mtu apige solo ya pumzi nne, peke yake, bila ngoma. Aanze yeye. Bendimasta awepo, asimame mahali nitakapomwona.

Saa za kazi sina wa kumwachia watoto, kwa hiyo nitakuja nao wote wawili. Wakilia, nitaendelea kupiga.

Viambatisho: maelezo ya mwalimu, ukurasa mmoja. Orodha ya siku ya gwaride, ukurasa mmoja. Pamba, kipande kimoja.